Kiyoga cha Ruhembe na Mkulima Wake Asiye na Jembe

Mvua ya masika inaponyesha usiku kucha katika bonde la Ruhembe na kukoma alfajiri, na jua likachomoza juu ya ardhi iliyolowa huku mvuke ukipanda katikati ya majani, huonekana kandokando ya njia za miguu zinazotoka vijijini kwenda mwituni jambo ambalo mgeni aghalabu hulipita bila ya kulitazama mara mbili: kipande cha ardhi, pengine kisichozidi upana wa mkeka mmoja, kimejaa vitu vidogo vyeupe, mamia kwa mamia, vimesongamana kana kwamba mtu aliyekuwa amebeba ungo wa bisi alijikwaa akaumwaga. Jana jioni hapakuwa na kitu mahali hapo ila udongo mtupu na majani makavu. Kesho kutwa hapatakuwa na kitu tena, kwa maana jua, wadudu na kuku watakuwa wamekwisha kuchukua kila mmoja fungu lake. Baina ya jana na kesho kutwa ndipo ilipo riziki, naye mwenye kuijua njia hiyo huamka mapema akachukua kikapu.

Ukiinama ukachuma kiyoga kimoja ukakiweka juu ya kiganja, utaona ya kuwa kofia yake ni sawa na ukucha wa kidole gumba, sentimita moja au mbili na nusu kwa upana. Rangi yake ni nyeupe inayoelekea kijivu au rangi ya pembe, na katikati pana nundu ndogo iliyochongoka, yenye weusi kidogo kuliko sehemu nyingine. Shina lake ni jembamba, urefu wake sentimita tatu hadi sita, na chini ya kofia zimepangwa kurasa nyembamba mno, zinazokaribiana kama kurasa za msahafu mdogo, nyeupe hapo kwanza, kisha zenye waridi hafifu kadiri kiyoga kinavyokomaa. Wenyeji hukiita uyoga wa mchwa, na hawakukosea, maana wataalamu nao, baada ya safari ndefu ya kupima na kulinganisha, walifika mahali pale pale wakakiita Termitomyces microcarpus, jina ambalo neno lake la kwanza maana yake ni kuvu wa mchwa, na la pili ni mwenye tunda dogo. Ni mdogo wa ukoo ulio na majitu ndani yake, kwa kuwa ndugu yake mmoja, Termitomyces titanicus, aliyepewa jina mwaka 1980 kutokana na uyoga wa Zambia, kofia yake yaweza kufikia upana wa karibu mita moja, hata mtoto akaitumia kujikinga mvua. Lakini wahenga walituusia tusidharau kiselema, chalima kikapita jembe zima, na habari za huyu mdogo, kama tutakavyoona, zina shani zaidi kuliko za jitu lile.

Ruhembe ni kata ya Wilaya ya Kilosa, mkoani Morogoro, kusini mwa mji wa Mikumi, katika njia ya kuelekea Kidatu na Ifakara. Ni mahali palipo mpakani mwa mambo mengi kwa wakati mmoja. Kwa upande mmoja imetandazwa miwa, bahari ya kijani isiyo na kisiwa, inayolisha viwanda vya sukari vya bonde la Kilombero ambavyo kazi yake ilianza katika miaka ya 1960, na ambayo sehemu yake kubwa hulimwa na wakulima wadogo wenye mashamba yao wenyewe. Kwa upande mwingine imesimama milima ya Vidunda, maskani ya Wavidunda tangu enzi. Na kaskazini imelala Hifadhi ya Taifa ya Mikumi, iliyoanzishwa mwaka 1964, yenye eneo la kilometa za mraba 3,230, iliyochukua jina lake kutokana na mikumi, yaani mivumo, ile mitende mirefu yenye vishada vya majani kama mikono iliyokunjuliwa. Baina ya miwa, milima na hifadhi umebaki mwitu wa miombo, ambao si msitu mzito wa giza, wala si mbuga tupu ya nyasi, bali ni pori lenye miti iliyosimama mbalimbali kwa adabu, mwanga ukipita katikati: miombo yenyewe, mitondoro, mininga itoayo utomvu mwekundu kama damu, mikongo, milama, na mipingo iliyopinda kwa uzee. Chini ya miti hiyo, kila baada ya hatua kadha wa kadha, pana kichuguu. Na pasipo kichuguu kinachoonekana pana kichuguu kisichoonekana, kilichozikwa ardhini kwa siri.

Katika mwitu huo nilimfuata asubuhi moja mwanamke mzee ambaye watoto wa jirani walinielekeza kwake kwa kuniambia kwamba huyo hakuna uyoga usiomjua. Nilimwamkia, "Shikamoo, bibi," naye akaitikia, "Marahaba, mjukuu wangu. Tembea nyuma yangu, usitangulie." Nilidhani ananiambia hivyo kwa sababu ya nyoka, kumbe sababu ilikuwa miguu yangu, kwa maana hatukufika mbali akaninyoshea fimbo mbele ya viatu na kusema, "Simama hapo hapo. Utawakanyagia watu shamba lao." Nikatazama chini nikauona ule mkeka mweupe. Nikauliza kwa mzaha ni shamba la nani, maana hapakuwa na nyumba karibu wala mpaka wa katani. Akapiga ardhi kwa fimbo yake taratibu, kama mtu abishaye hodi, akajibu, "Wenye shamba wako chini. Sisi tunaokota tu."

Kisha akachutama na kuanza kazi. Hakung'oa ovyo, alishika viyoga sita au saba kwa pamoja, karibu kabisa na udongo, akavizungusha kidogo, akavikata mchanga wa chini kwa ukucha, akavitia kikapuni vichwa vikielekea upande mmoja. Vile vilivyofunguka mno, ambavyo kofia zake zilikwisha kupasuka ukingoni na kunyanyuka juu kama mwavuli uliopinduliwa na upepo, aliviacha. "Huu umekwisha," alisema. "Hauna utamu tena, una vumbi tu. Uache ukae." Kwa ncha ya fimbo akafukua udongo kidogo mahali alipokwisha kuchuma, akanionyesha chembe za hudhurungi, laini, mfano wa makombo ya mkate, zilizochanganyika na mchanga. "Hiki ndicho chakula chao. Wameleta juu wenyewe." Nililiandika neno hilo katika daftari bila ya kulifahamu sawasawa, na ilinichukua muda kutambua ya kuwa bibi yule alikuwa amenieleza, kwa maneno machache, jambo linalokipambanua kiyoga hiki na takriban ndugu zake wote.

Ili tulifahamu jambo hilo yatupasa kwanza tujue kwamba uyoga si mmea. Hauna majani ya kijani wala hauwezi kujitengenezea chakula kutokana na mwanga wa jua. Na kile tukionacho juu ya ardhi si mwili wake, bali ni tunda lake tu, kama vile embe si mwembe. Mwili wenyewe ni utando wa nyuzi nyeupe, nyembamba kama uzi wa buibui, uliojificha ardhini au ndani ya ukuni, na kila aina ya uyoga ina njia yake ya kupata posho. Katika mwitu wa miombo njia hizo ni tatu zilizo kuu. Upo uyoga unaokula vilivyokufa, magogo na majani, na kuyarudisha udongoni. Upo uyoga uliofunga mkataba na mizizi ya miti iliyo hai, ambao nyuzi zake hufunika ncha za mizizi ya mwombo au mtondoro, ukaupatia mti maji na chumvi za ardhi, nao mti ukaulipa kwa sukari; katika kundi hili ndimo mlimo uyoga mzuri wa manjano wa jamii ya Cantharellus, unaopangwa kwa mafungu kandokando ya barabara nyakati za mvua, ambao ukiukata mti wake umeukata na wenyewe. Na upo uyoga wa njia ya tatu, ambao haukuafikiana na mti wala gogo, bali na mdudu.

Mchwa, kama kila mwenye nyumba ya miti ajuavyo, hula ukuni, nyasi na majani makavu, na methali ya bandu bandu huisha gogo ingestahili kuandikwa juu ya mlango wa kila kichuguu. Lakini ukuni ni chakula kigumu kilichofungwa kwa kufuli, na mchwa wa jamii zinazojenga bustani hawana ufunguo wa kutosha. Kwa hiyo vibarua wao hutafuna kile walichokusanya, wakakipitisha tumboni haraka bila ya kukimeng'enya, kisha wakakipanga ndani ya vyumba maalumu mithili ya sega la nyuki au sifongo lenye mikunjo, na juu ya sega hilo huota kuvu ya Termitomyces. Kuvu huufungua ukuni polepole na kuulainisha, halafu hutoa vijidonge vidogo vyeupe kama ulezi uliokobolewa, ambavyo mchwa huvila. Na sehemu ya zamani ya sega, iliyokwisha kuiva kwa kazi ya kuvu, huliwa kutoka chini huku sehemu mpya ikiongezwa juu, hata ghala halipungui wala halijai. Mchwa nao hulipa gharama ya chakula hicho: hulinda unyevu na joto la vyumba, hung'oa magugu, yaani kuvu ngeni zinazotaka kuingia, na hawamruhusu mgeni yeyote kukaa. Katika dola hiyo yumo malkia atagaye mayai kwa maelfu, yumo mfalme wake, wamo askari wenye vichwa vikubwa, na wamo vibarua wasiohesabika. Lakini kama ungeuliza ni nani anayewalisha wote hawa, jawabu ni kuvu. Na kama ungeuliza ni nani anayeilisha kuvu, jawabu ni mchwa. Kimoja bila ya kingine hakiishi.

Habari hizi si za jana. Mwingereza Henry Smeathman, aliyekaa Afrika ya Magharibi akavichunguza vichuguu, alizieleza bustani hizo kwa wataalamu wa London mwaka 1781. Kiyoga chetu chenyewe kiliandikwa kwa mara ya kwanza katika vitabu vya elimu mwaka 1871, si kutoka Afrika bali kutoka kisiwa cha Ceylon, ambacho leo ni Sri Lanka, na waliokiandika ni Waingereza wawili, Berkeley na Broome. Ndipo mwaka 1942 Mfaransa Roger Heim alipoukusanya ukoo wote wa uyoga wa mchwa chini ya jina moja la Termitomyces. Kwa upande wetu, Marja Härkönen na Tuomo Niemelä wa Finland, pamoja na Leonard Mwasumbi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, walitoa mwaka 2003 kitabu cha uyoga wa Tanzania ambacho sifa yake kubwa ni kwamba hakikuandikwa kwa kutazama darubini peke yake, bali kwa kukaa na wanawake wa vijijini na kuwauliza, kwa sababu katika elimu hii wao ndio walimu.

Na kama twataka kujua ukale wa kilimo cha mchwa, hatuna haja ya kuvuka bahari. Katika bonde la Rukwa, kusini-magharibi mwa Tanzania, wanajiolojia walikuta viota vya mchwa vilivyogeuka mawe, masega ya bustani yakiwa bado ndani yake, na umri wa mawe hayo ni takriban miaka milioni 25. Habari zake zilichapishwa mwaka 2016. Binadamu ameshika jembe kwa miaka elfu kumi na kitu hivi. Basi mkulima wa kwanza wa nchi hii hakuwa Mvidunda wala Msagara, wala Mmakonde wala Mnyakyusa, bali alikuwa mdudu asiye na macho, naye alikwisha kuwa hodari wa kilimo cha zao moja kabla Kilimanjaro haujainuka kutoka ardhini.

Sasa na turejee kwenye makombo ya mkate aliyonionyesha bibi. Uyoga mwingine wa mchwa, ule mkubwa wenye mashina manene unaoota mmojammoja au wachache juu ya kichuguu, huzaliwa ndani kabisa, juu ya sega lenyewe, kisha hujitafutia njia ya kupanda kwa kunyosha mzizi mrefu mweusi, pengine zaidi ya nusu mita, na kwa ile ncha ngumu ya kofia yake hutoboa udongo ulioshikana kama saruji. Ndiyo maana mchumaji akiuvuta kwa pupa hukatika, na mzizi ukabaki chini. Kiyoga chetu hakina mzizi huo, wala hakina nguvu za kutoboa. Kwacho mambo hugeuzwa: mchwa wenyewe, hasa wa jamii ya Odontotermes, ambao viota vyao aghalabu havina mnara mrefu bali vimezama ardhini, huchukua vipande vya sega la bustani yao, wakavipandisha hadi juu na kuvitandaza juu ya udongo karibu na kiota, na katika vipande hivyo vilivyotandazwa ndimo viyoga huchipua kwa mamia baada ya mvua. Ndiyo maana huonekana kama kilichomwagwa, kwa sababu kwa hakika kimemwagwa. Na ndiyo maana huweza kuota uani, kando ya kisima au katikati ya njia, mahali ambapo hakuna dalili yoyote ya kichuguu, hata mtu asiyejua akadhani kimeanguka na mvua.

Kwa nini mchwa atoe nje mali yake aliyoisumbukia? Tazama maisha yao mwaka mzima. Mvua zinapoanza, kumbikumbi hutoka kwa makundi, wakaruka kuelekea kwenye taa, na watoto wakawakimbilia na mabeseni. Wachache wanaosalimika huvunja mbawa zao, dume na jike wakachimba chumba kidogo na kuanza ufalme mpya. Lakini katika aina nyingi za mchwa hawa, maarusi hao hawakuchukua mbegu ya kuvu kutoka nyumbani kwa wazazi. Wameondoka mikono mitupu. Watoto wao wa kwanza wakisha kukua na kutoka nje kutafuta majani, ni lazima wakutane huko nje na vumbi la mbegu za uyoga, walilete nyumbani pamoja na majani hayo, na lisipopatikana bustani haioti na ufalme hufa ungali mchanga. Vumbi hilo hutoka wapi? Hutoka katika uyoga wa vichuguu vya wakubwa, uliokomaa na kufunguka. Kwa hiyo kile tunachokiona sisi kuwa kitoweo, kwa mchwa ni mfano wa barua, au tuseme mahari, itokayo katika nyumba kongwe kwenda kwa vijana wasiojuana. Na ule uyoga uliokwisha, uliopinduka kofia na kujaa vumbi, ambao bibi aliuacha kwa kuwa hauna utamu, ndio hasa wenye barua ndani yake.

Kabla hatujafika jikoni, sharti litangulie neno la tahadhari, kwa sababu mvua ile ile iletayo riziki huleta na mauti. Uyoga wa mchwa una wafananaji, na mmoja wao ni Chlorophyllum molybdites, uyoga mkubwa mweupe wenye magamba, uotao kwenye majani na viwanja, ambao kurasa zake zikikomaa huwa na rangi ya kijani, na mwenye kuula hutapika na kuhara kwa mateso makubwa. Uyoga mwingine huua kwa hila zaidi, maana mlaji hujiona mzima kwa saa nyingi ilhali sumu imekwisha kushika ini. Watu husema kwamba uyoga ulioumwa na wadudu ni salama, au kwamba ukipikwa na kitunguu kisigeuke rangi hauna sumu. Maneno haya yote ni ya hatari, kwa kuwa tumbo la mdudu si tumbo la mtu, na kitunguu hakijui kutoa ushahidi. Ukiweka kofia ya uyoga wa mchwa juu ya karatasi nyeupe usiku kucha, asubuhi utakuta vumbi lenye waridi hafifu, lakini hata alama hiyo peke yake haitoshi, maana uyoga mwingine wenye sumu nao hutoa waridi. Kanuni iliyo njema ni ile ya wazee: usile uyoga ambao hukufundishwa kwa mkono na mtu aliyeula akaishi.

Jikoni kiyoga hiki hutaka subira kuliko viungo. Udogo wake ndio taabu yake, maana mchanga hujificha katika kila shina, na mwanamke aliyekichuma kwa nusu saa huweza kukiosha kwa saa nzima, akimimina maji, akikisukasuka taratibu katika beseni, akikitoa kwa viganja ili mchanga ubaki chini, kisha akirudia mara ya nne na ya tano. Baada ya hapo hutiwa sufuriani bila ya maji mengi, kwa kuwa uyoga wenyewe ni maji, sehemu tisa katika kumi za uzito wake. Ukisha kutoa maji yake na kuyanyonya tena, huongezwa kitunguu, nyanya na chumvi, na mwenye nacho huongeza karanga za kusaga au tui la nazi. Mchuzi wake una ladha ya nyama bila ya nyama, na wapo wapishi waapao kwamba ugali wa kiyoga hiki haupishani na ugali wa kuku. Ukizidi huanikwa juani juu ya ungo, ukakauka na kuwa mwepesi kama maganda, nao huwekwa akiba ya siku za ukame. Kwa nyumba isiyoweza kununua nyama kila juma, neema hii ya siku chache ina uzito wake, na wahenga wa pwani waliosema mgaagaa na upwa hali wali mkavu, lau wangezaliwa Ruhembe, bila shaka wangesema vivyo hivyo juu ya mgaagaa na mwitu.

Zaidi ya hayo, riziki hii haiwezi kuhamishiwa shambani. Uyoga wa mamama, unaooteshwa ndani ya mifuko ya mabua na pumba katika mabanda ya giza, umewapatia watu wengi nchini kipato. Lakini uyoga wa mchwa, ingawa nyuzi zake zimeoteshwa katika maabara, haujakubali kulimwa na mtu kwa biashara. Unamtaka mkulima wake wa asili na hautaki mwingine. Anayeutaka hana budi kumvumilia mchwa.

Hapo ndipo penye mtihani, kwa kuwa mchwa na mkulima wa Ruhembe hawana urafiki. Mchwa huingia katika mapando ya miwa yaliyozikwa udongoni kabla hayajachipua, huangusha mahindi, hupanda ukutani na kula boriti. Mkulima naye hulipiza kwa jembe na kwa sumu, na trekta linaposawazisha shamba halichagui kichuguu. Vingine huvunjwa kwa ajili ya udongo wake mzuri, ambao hufyatuliwa matofali yenye nguvu au kumwagwa shambani kama mbolea, maana mchwa wamekuwa wakipandisha rutuba kutoka chini kwa miaka mingi. Sitaki kumlaumu mtu anayelinda chakula cha watoto wake. Lakini yafaa tujue kinachotokea ufalme unapokufa: bustani ile iliyokuwa safi, ikikosa watunzaji, huvamiwa na kuvu ngeni ya Xylaria, ambayo kwa miaka mingi ilikuwa imelala kimya ndani ya masega ikingojea, nayo huchomoza juu ya kichuguu vidole vyeusi vyembamba, kama vidole vya maiti. Mwenye kuviona vidole hivyo asitafute viyoga hapo mwakani.

Mwitu nao una majaribu yake. Moto wa kila kiangazi huteketeza majani makavu na vijiti ambavyo mchwa wangevikusanya, na mkaa uendao Morogoro na Dar es Salaam huchukua miti. Hata hivyo Kilosa imekuwa mahali pa majaribio ya kutia moyo: tangu mwaka 2012 vijiji kadhaa vya wilaya hiyo vimekuwa vikivuna mkaa katika misitu yao wenyewe kwa mpango, msitu ukigawanywa kwa vipande vya mita 50 kwa 50, kipande kimoja kikivunwa na jirani yake kikiachwa, na kilichovunwa kikipumzishwa miaka 24 ili visiki vichipue upya. Kisiki kinachochipua mizizi yake haikufa, na pale mizizi inapoishi, uyoga wa mizizi una pa kukaa, na majani yatakayoanguka yatamrudisha mchwa kazini. Ndani ya Hifadhi ya Mikumi sheria hairuhusu mtu kuchuma wala kuondoa kitu cha asili bila ya kibali, kwa hiyo huko viyoga huota, hufunguka na kupeperusha vumbi lao bila ya kuonwa na yeyote ila nyani na ngiri, nao upepo hauujui mpaka wa hifadhi.

Bibi yule, tulipokuwa tunarudi, kikapu chake kilikuwa kimejaa nusu tu, na mkeka mweupe nyuma yetu ulikuwa umebaki na madoa yake hapa na pale. Nikamwuliza kwa nini hakumaliza, maana kama si yeye wangechuma wengine, au kuku wangefukua. Alifikiri kidogo, akahamisha kikapu kutoka mkono mmoja kwenda wa pili, akasema ya kuwa mama yake naye alikuwa akiacha, na kwamba mahali panapochumwa pote, mwaka wa pili panakuwa pagumu. Hakutaja mbegu wala barua, wala hakuwahi kusikia jina la Heim. Lakini miongo mingi ya kutazama chini ilikuwa imemfikisha mahali pale pale palipofikiwa na wenye darubini, na pengine alifika kabla yao. Tulipokaribia miwa, upepo ukaanza, na vile viyoga vilivyopinduka kofia, alivyoviita vilivyokwisha, vikawa ndiyo kwanza vinaanza kazi yao.